Mocímboa da Praia: Mji wa Wachache

Ukivuka Mto Ruvuma kutoka Mtwara na kushika njia ya kusini, unapita Palma, na kabla hujamaliza kilomita mia nyingine umeingia Mocímboa da Praia, mkoa wa Cabo Delgado. Msumbiji ina Mocímboa mbili. Ile ya pili, Mocímboa do Rovuma, iko bara karibu na mto, nayo haituhusu leo. Hii ya pwani ndiyo yenye bandari, uwanja mdogo wa ndege, na barabara inayopanda kwenda nyanda za juu za Mueda. Mtu wa Kilwa au Lindi hakai hapo siku nyingi kabla ya kuelewana na wenyeji, kwa sababu Kimwani cha pwani hiyo ni lugha ndugu ya Kiswahili. Wamakonde wa mjini humo wana shangazi na wajomba Newala na Tandahimba, na Wamakua wake wana wenzao Masasi. Kwa hiyo damu iliyomwagika hapo tangu 2017 si habari ya ughaibuni. Ni msiba wa jirani ambao wengi wetu tuliusikia redioni, tukapandisha sauti kidogo, kisha tukabadili stesheni.

Mji huu una jambo moja ambalo taarifa za vita hulipita haraka. Karibu kila kundi linaloishi humo ni la wachache kwa kipimo fulani. Waislamu ndio wengi pwani, lakini katika Msumbiji nzima, kwa sensa ya 2017, ni kama mmoja kwa kila watu watano. Wakristo ni wengi nchini na wachache mjini. Wamwani wameijaza pwani lakini serikalini hawaonekani. Wamakonde ni wageni pwani, ila tangu uhuru jeshi limejaa majenerali wao, na kuanzia Januari 2015 hadi mwanzoni mwa 2025 rais wa nchi, Filipe Nyusi, alikuwa Mmakonde wa Mueda. Ukimuuliza kila mmoja nani anaonewa, atakujibu kwa dhati kuwa ni yeye, na atakuwa na ushahidi. Mauaji katika mji wa namna hii huanza pale mwenye silaha anapochagua kipimo kimoja na kuvitupa vingine vyote.

Vipimo hivyo vina umri. Katika karne ya 19 pwani hii iliuza watu. Majahazi yalichukua watumwa kwenda Zanzibar, Komoro na visiwa vya Wafaransa, na waliotekwa walitoka bara. Wamakonde walijichimbia juu ya nyanda zao, ndani ya vichaka vya miiba, na sehemu ya sifa yao ya ukali ilitokana na kukataa kukamatwa. Watu wa pwani nao hawakulala usingizi mwema. Mwanzoni mwa karne hiyo Wasakalava wa Madagaska walikuwa wakivuka bahari kwa makundi makubwa ya mitumbwi, wakichoma miji ya visiwa vya Kerimba na kuondoka na watu wake. Kumbukumbu za utumwa hapa hazina upande mmoja wa wema, ingawa kila upande hupenda kusimulia nusu yake.

Ureno ilikuwa na bendera yake katika Kisiwa cha Ibo kwa muda mrefu, lakini kaskazini ya hapo mamlaka yake yalikuwa ya karatasi. Mwaka 1887 manowari zake zililishambulia eneo la Ghuba ya Tungi, karibu na Palma ya leo, na kumnyang'anya Sultani Barghash wa Zanzibar madai yake ya mwisho kusini mwa Ruvuma. Miaka minne baadaye, 1891, Lisbon ikaikabidhi Cabo Delgado na Niassa yote kwa kampuni ya watu binafsi, Companhia do Niassa. Kampuni hiyo iliishi mpaka 1929. Haikujenga kitu cha maana. Ilitoza kodi ya nyumba, ikawakamata watu kwa kazi za shuruti, ikauza nguvu kazi nje. Maelfu waliikimbia kwa kuvuka mto kuingia kwa Wajerumani, na baadaye kwa Waingereza. Mizizi ya Wamakonde wengi wanaojiita leo watu wa Mtwara inaanzia kwenye mbio hizo.

Vita Kuu ya Kwanza iliifanya Mocímboa da Praia kuwa kambi. Mwaka 1917 Ureno iliteremsha hapo askari wa kutoka Ulaya, wakafungua barabara kupanda nyanda za juu, na mwaka huohuo wakawashinda Wamakonde, karibu wa mwisho kutiishwa katika koloni zima. Novemba 25 mwaka huo Jenerali von Lettow-Vorbeck wa Ujerumani alivuka Ruvuma na kuipiga ngome ya Wareno huko Negomano, akajipatia silaha na chakula cha kuendelezea vita. Askari wa Kireno waliokufa kwa homa na kuhara walikuwa wengi kuliko waliokufa kwa risasi. Wapagazi Waafrika waliokufa njiani hawakujengewa makaburi ya kuhesabika.

Hata hivyo, ukinitaka nitaje tukio moja la ukoloni lililoacha jeraha refu kuliko mengine, sitachagua vita. Nitachagua mkataba. Mwaka 1940 Ureno na Vatikani zilitiliana saini, na elimu ya Waafrika katika makoloni ya Kireno ikakabidhiwa misheni za Kikatoliki. Juu ya nyanda za Wamakonde misheni zilikwisha kuota. Ile ya Nangololo ilianzishwa 1924. Mtoto wa Kimakonde alienda shule, akabatizwa, akapewa jina la Kireno, akajifunza kusoma. Mzazi wa Kimwani pale pwani aliona mlango huohuo mmoja, akauliza bei yake, akamrudisha mwanawe chuoni kwa mwalimu wa Kurani. Hakuwa mjinga. Alikuwa analinda kitu. Lakini uhuru ulipokuja, kazi za ofisini zilimtaka anayejua kusoma na kuandika Kireno, na mtu huyo kwa kawaida alikuwa ameteremka kutoka Mueda.

Kulikuwa na wachache wengine ambao siku hizi hawatajwi sana. Wahindi wa Gujarat walikuwa na maduka katika kila mji wa pwani hii, kuanzia Ibo mpaka kwenye vituo vya ndani. Desemba 1961 jeshi la India liliingia Goa na kuwafukuza Wareno ndani ya saa arobaini hivi. Salazar, mtawala wa Ureno, hakuwa na uwezo wa kuipiga India, basi akawageukia wenye maduka wa Msumbiji. Raia wa India walikusanywa makambini, mali zao zikazuiwa, na mwaka uliofuata wakatolewa nchini kwa maelfu. Mwenye uraia wa Kireno aliachwa. Baadhi ya Waislamu wa Kigujarati waliokuwa wamechukua pasipoti ya Pakistani waliachwa pia. Majirani waliokula pamoja, waliozungumza lugha moja na kuuza kanga zilezile walitenganishwa kwa rangi ya kijitabu. Miaka kumi baadaye Idi Amin angefanya yake Uganda, na dunia ingepiga kelele. Hili la Wareno lilipita kimya.

Vita vya ukombozi vilianza Chai, kusini-magharibi ya Mocímboa, Septemba 25, 1964. Nyanda za Wamakonde ndizo zilizokuwa ngome ya FRELIMO, chama kilichopigania uhuru huo. Kule Mueda, Juni 16, 1960, Wareno walikuwa wamefyatulia risasi umati uliokuja kudai haki zake, na jambo hilo halikuhitaji mwanasiasa wa kulieleza. Pwani nako kulikuwa na wapigania uhuru, na kuna Wamwani waliofungwa na kuteswa na PIDE, polisi wa siri wa Ureno. Lakini hadithi ya taifa iliyoandikwa baada ya 1975 ilikuwa na mahali pake pa kuzaliwa, na mahali hapo palikuwa juu mlimani. Pensheni za maveterani zilifuata hadithi hiyo, na nyumba zilizoachwa na Wareno pia.

Juu ya hayo, FRELIMO iliyojitangaza kuwa chama cha Kimaksi mwaka 1977 haikuwa na subira na dini. Makanisa na misikiti vyote vilionja makali yake, machifu waliondolewa, watu wakapangwa katika vijiji vya pamoja kwa namna ambayo Mtanzania yeyote aliyeishi miaka ya sabini ataitambua. RENAMO, jeshi la msituni lililokuwa likipigana na serikali ya FRELIMO, ilipogeuka kuwa chama cha siasa baada ya mkataba wa amani wa Roma wa Oktoba 4, 1992, pwani ya Waislamu iliipa kura nyingi, si kwa kuipenda sana, bali kwa sababu ilikuwa chombo pekee kilichokuwepo cha kuwaambia wa mlimani kuwa wametosha.

Mwezi Mei 2005 Mocímboa da Praia ilifanya uchaguzi mdogo wa meya. FRELIMO ilitangazwa mshindi kwa kura chache. RENAMO ilikataa, ikamwapisha mgombea wake kama meya wa pili, na mwanzoni mwa Septemba mji ukawaka. Watu walitoka na mapanga, pinde na mishale. Nyumba zilichomwa mtaa kwa mtaa, kadhaa wakafa, makumi wakajeruhiwa. Magazeti ya Maputo yaliandika kuwa ni ugomvi wa vyama. Waliokuwepo walijua kuwa nyumba hazikuchaguliwa kwa kadi ya chama. Zilichaguliwa kwa kabila la mwenye nyumba, Mmwani huku na Mmakonde kule. Polisi walituliza pale walipokuta pametulia, na baada ya hapo hakukuwa na suluhu ya maana zaidi ya mikutano na hotuba. Watoto waliokuwa na miaka kumi siku hiyo walikuwa na ishirini na mbili mwaka 2017.

Kati ya miaka hiyo kumi na miwili yalitokea mambo mawili. Gesi iligunduliwa baharini mwaka 2010, na mabilioni ya dola yakaanza kutajwa kwenye pwani ambayo kijana wake aliishi kwa kuuza samaki, simu na mafuta ya chupa. Na msikitini ukatokea ugomvi. Kikundi cha vijana kilianza kusali peke yake, kikiwakejeli masheikh wa tarika na maulidi yao, kikiwakejeli pia wale wa Baraza la Kiislamu waliosoma Uarabuni, na kuwakataza watoto shule ya serikali. Kikundi hicho hakikuanzia Mocímboa. Mbegu zake zilionekana mapema Balama, upande wa magharibi wa mkoa, tangu 2007. Lakini Mocímboa kilipata udongo, hasa katika mtaa wa Nanduadua, na kilipata wageni kutoka kaskazini ya mto, baadhi yao wakikimbia msako wa polisi wa Tanzania kule Kibiti na Rufiji. Viongozi wa Kiislamu wa mji waliwaona, wakabishana nao, wakaenda kuwashtaki kwa wakuu wa serikali zaidi ya mara moja. Nasisitiza hilo kwa makusudi. Waislamu wa Mocímboa ndio waliopiga kengele ya kwanza, na ofisi za serikali ndizo zilizoziba masikio.

Alfajiri ya Oktoba 5, 2017 watu wapatao thelathini walivamia vituo vitatu vya polisi. Serikali ilijibu kwa kukamata mamia ya watu, kufunga misikiti na kubomoa ule wa Nanduadua. Baadaye wenyeji wakawaita wapiganaji hao Al-Shabaab, ingawa si tawi la wale wa Somalia, na kufikia 2019 Dola ya Kiislamu ilikuwa ikijitangazia mashambulizi yao kuwa ni yake.

Machi 23, 2020 waliuteka mji wenyewe kwa siku moja. Walifika kwa nchi kavu na kwa bahari, wakapandisha bendera nyeusi kwenye kambi ya jeshi, wakavunja benki na maghala na kugawa vyakula kwa watu. Mmoja wao alionekana katika video akiwaambia wakazi kuwa serikali inawaonea maskini na kuwanufaisha wakubwa. Wapo waliowashangilia. Jioni waliondoka wenyewe.

Siku mbili baadaye, Machi 25, mtu mmoja au zaidi waliokuwa wakitumikia bendera hiyohiyo waliingia katika gurdwara, nyumba ya ibada ya Masingasinga, huko Shor Bazar katikati ya Kabul. Waliwazingira waumini kwa saa kadhaa na kuua watu 25, wakiwemo wanawake na mtoto. Wakenya, wanaowaita Makalasinga, na Watanzania wanawajua watu hawa tangu reli ya Mombasa ilipoanza kujengwa mwaka 1896: mafundi, makandarasi, madereva wa mbio za magari, na watunzaji wa gurdwara ya Makindu ambako msafiri wa dini yoyote hula bure. Afghanistan iliwahi kuwa nao makumi ya maelfu. Ilipofika 2020 walikuwa wamebaki mia chache, na baada ya siku ile wengi wa waliobaki walipanda ndege kwenda Delhi.

Dola ya Kiislamu ilisema iliwaua kulipiza kisasi cha Waislamu wa Kashmir. Hapo inafaa kusimama kidogo. Huko Kashmir kwenyewe, usiku wa Machi 20, 2000, watu waliovaa sare za jeshi waliingia katika kijiji cha Chittisinghpura, wakawaita wanaume wa Kisingasinga nje ya nyumba zao, wakawapanga karibu na gurdwara zao mbili na kuua 35. Mjadala wa nani aliwatuma haujaisha. Kwa hiyo jamii moja imeuawa Kashmir katika ugomvi wa India na Pakistani ambao si wake, kisha imeuawa Kabul kama malipo ya deni la Kashmir. Aliye mchache wa kila kipimo hutozwa na pande zote, kwa sababu hakuna anayeogopa kisasi chake.

Masingasinga wa Kabul ni mfano ulionyooka. Mocímboa da Praia haijanyooka hivyo, na ndiyo sababu nimewataja. Wiki ileile, chini ya bendera ileile, watu wa Mocímboa waligawiwa mchele huku watu wa Kabul wakigawiwa risasi, na tofauti ilikuwa ni hesabu tu. Mahali ambapo kikundi kilitaka kuungwa mkono na wengi, kilijipendekeza. Mahali ambapo waliokuwa mbele yake hawakuwa na faida kwake, hakikusumbuka.

Tabasamu hilo halikudumu. Aprili 7 vijana 52 waliuawa Xitaxi, wilaya ya Muidumbe, kwa maelezo ya polisi, baada ya kukataa kujiunga. Mwishoni mwa Juni wapiganaji walirudi Mocímboa, wakachoma kanisa Katoliki, na wafanyakazi wanane wa kampuni moja ya ujenzi wakauawa garini njiani. Agosti 2020 waliichukua bandari kabisa. Watawa wawili wa Kikatoliki waliokuwa mjini walitekwa, wakaachiwa baada ya wiki kadhaa. Misheni ya Nangololo, ile ya 1924, iliharibiwa katika mashambulizi yaliyoikumba Muidumbe kuanzia mwisho wa Oktoba. Mocímboa ikabaki mikononi mwa waasi mwaka mzima, mpaka Agosti 8, 2021, wanajeshi wa Rwanda na wa Msumbiji walipoingia na kuukuta mji hauna watu.

Wakristo waliuawa katika miaka hiyo, na makanisa yalichomwa. Anayekanusha hilo anadanganya. Lakini Waislamu waliouawa pwani, wavuvi, masheikh, wanawake waliochukuliwa kuolewa kwa nguvu, ni wengi pia, kwa sababu rahisi kwamba hao ndio waliokuwa wakiishi pale. Na kuna waliouawa na upande wa serikali. Septemba 2020 ilisambaa video ya mwanamke asiye na nguo akipigwa na kisha kufyatuliwa risasi kwa nyuma na watu waliovaa sare za jeshi la Msumbiji. Amnesty International ilichunguza na kulitambua eneo la tukio kuwa ni barabara karibu na Awasse, ndani ya wilaya hiihii ya Mocímboa. Serikali ilisema video ni ya kubuniwa. Machi 2021 shirika hilo likatoa ripoti iliyozilaumu pande tatu pamoja: waasi, vikosi vya serikali, na mamluki wa Afrika Kusini waliofyatua risasi kutoka kwenye helikopta bila kuchagua nani raia na nani si raia.

Watu walianza kurudi mwaka 2022. Mwishoni mwa Agosti 2023 jeshi lilitangaza kumuua Bonomade Machude Omar, aliyekuwa kiongozi wa waasi uwanjani. Viongozi wa kisiasa walizungumza kana kwamba vita vimefika ukingoni.

Septemba 15, wiki tatu tu baadaye, wapiganaji waliingia katika kijiji cha Naquitengue, wilaya ya Mocímboa da Praia, mchana. Waliwaita wanakijiji wote mahali pamoja. Kisha, kwa maelezo yaliyotolewa na mmisionari wa eneo hilo kwa shirika la Kikatoliki la kusaidia makanisa yaliyo taabuni, waliwatenga Wakristo na Waislamu, wakitazama majina na makabila, na kuwamiminia Wakristo risasi. Dola ya Kiislamu ilijitangazia kuua 11.

Jina na kabila. Fikiria kazi ya kuchambua watu kwa vigezo hivyo katika kijiji cha pwani hii. Kuna Wamakonde waliosilimu, wengine tangu enzi za kuchanganyika na Wamwani, wengine kwa ndoa. Kuna wanaume wa Kiislamu wenye jina la Kireno kwa sababu karani wa wakati ule hakukubali kuandika jingine. Kuna kaka anayeitwa João na mdogo wake Amade, mama mmoja. Aliyeshika bunduki Naquitengue hakuwa akisoma dini iliyo moyoni mwa mtu. Alikuwa akisoma daftari ambalo lilikwisha andikwa na misheni za mkataba wa 1940, na ofisi ya chama baada ya 1975, na nyumba zilizochomwa 2005. Tofauti ni kwamba wote hao walikuwa na kazi nyingine ya kufanya na daftari hilo.

Wasomaji wa Kenya wanaijua mbinu hii vizuri kuliko wengi. Novemba 22, 2014 karibu na Mandera, Al-Shabaab wa Somalia waliwatoa abiria kwenye basi, wakawatenga wasio Waislamu na kuua 28. Aprili 2 mwaka uliofuata ilikuwa zamu ya Chuo Kikuu cha Garissa, watu 148. Desemba 21, 2015 basi jingine lilisimamishwa kulekule, na safari hii abiria Waislamu walikataa kutengwa na wenzao. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi akiwa miongoni mwa waliokataa, akafariki mwezi uliofuata.

Sisemi Waislamu wa Naquitengue walipaswa kufanya kama wale wa basi la Mandera. Walikuwa kijijini, si safarini, na nyumba zao, watoto wao na usiku wao wa kesho vyote vilikuwa palepale. Ninachosema ni kwamba mauaji ya kutenga watu yana wahanga wa aina mbili, na wa pili ni wale waliosimamishwa upande wa uzima. Mmwani aliyeachwa hai siku ile anaishi sasa na swali kutoka kwa kila Mmakonde: ilikuwaje wewe ukaachwa? Waasi walilijua hilo.

Na jibu la serikali halikulipunguza. Tangu mwanzo wa vita maveterani wa nyanda za juu walijiundia mgambo, Força Local, wakalinda vijiji vyao pale ambapo jeshi lilikimbia. Kwa hilo wanastahili heshima. Kati ya mwisho wa 2022 na 2023 serikali iliwahalalisha rasmi, ikawapa silaha na nafasi ndani ya mfumo wa ulinzi. Wengi wao ni Wamakonde. Kwa mtu wa Mueda, ni wazee wake wanaomlinda. Kwa mvuvi wa Mocímboa ni watu wa 2005 waliorudi na bunduki za serikali, na kikosi cha nchi za kusini mwa Afrika kilipoondoka mwaka 2024, kukabaki wao, jeshi na Warwanda. Nchi zilizopita njia hii zinajua kuwa mgambo wa kabila moja ni rahisi kuuanzisha. Kuuvunja ndiko kunakochukua kizazi.

Wakati huohuo wengi wa waliorudi hawana hati yoyote, kwa sababu vyeti na vitambulisho viliungua pamoja na nyumba. Asiye na kitambulisho hawezi kumthibitishia askari yeye ni nani. Hawezi kumwandikisha mtoto shule bila usumbufu, wala kudai kiwanja alichokuwa nacho kabla ya vita. Shirika la UNHCR, kwa kushirikiana na wanasheria wa Chuo Kikuu cha Kikatoliki cha Msumbiji, limewasaidia maelfu ya watu wa Cabo Delgado kupata hati mpya. Kwa hiyo mjukuu wa yule mzazi wa Kimwani aliyeukataa mlango wa misheni anakaa leo mbele ya meza ya Wakatoliki, akimtajia karani jina lake la Kiislamu, na karani analiandika kama lilivyotamkwa.